Ukuta Mmoja Wenye Jina la Encarna

Mama Encarna akitaka kukuona uso, alikuwa anaangalia sikio lako. Mara ya kwanza nilidhani nina povu la sabuni sikioni, nikajipangusa kwa kona ya leso. Akacheka. Akanieleza kwamba katikati ya macho yake kumeingia kitu kama doa la moshi, na ni pembeni tu anakoona. Akikutazama usoni, uso unapotea. Akitazama sikio, uso unarudi.

"Kwa hivyo usikasirike nikikodolea masikio yako," akasema. "Ni wewe ninakutafuta."

Tulikuwa tunakaa Al Thumama, hapa Doha, upande ule ndege zinapita chini mpaka vikombe vinagongana kabatini. Nyumba ilikuwa ya binti yake, Madam Amparo, ambaye kazi yake ni kunyoosha viungo vya wagonjwa hospitalini. Mimi nilichukuliwa nipike, nisafishe, na mchana nikae na mama. Alikuwa na miaka sabini na mbili. Mfupi, nywele nyeupe zimekatwa hadi shingoni, mikono mikubwa kama imeazimwa kwa mtu mwingine. Tuliongea Kiingereza cha kuokoteza, yeye akitia Kispanyola, mimi nikitia Kiswahili, na pale tuliposhindwa tulimalizia kwa Kiarabu cha dukani.

Nataka niandike habari zake kwa sababu sijui nani mwingine ataziandika. Ukilitafuta jina lake hulipati. Siku moja nilimuuliza, "Mama, kwenu Spain wewe ni mchoraji mashuhuri?"

"Kwetu?" akasema. "Kwetu hata muuza mkate alikuwa ananiita kwa jina la dada yangu."

Alizaliwa katika mji mdogo karibu na Valencia, mji wa watu wanaochoma vigae. Mama yake alikuwa mchuma machungwa, kibarua. Encarna alipofika miaka kumi na minne aliingizwa kiwandani, chumba cha wasichana wachoraji. Walikuwa arobaini, wameketi kwenye benchi ndefu, kila mmoja na brashi yake. Walichora maua, ndege, na watakatifu wa kubandikwa kwenye ngazi za nyumba za watu. Hakuna aliyeruhusiwa kutia jina lake. Kila kigae kilipigwa muhuri wa kiwanda mgongoni, basi. Mwaka wa tatu alificha herufi ya kwanza ya jina lake ndani ya tumbo la ndege, ndogo kama punje ya mtama. Msimamizi akaiona. Akamsimamisha mbele ya wenzake wote akampa kisu aikwangue mwenyewe, na wale wenzake wakaambiwa watazame.

Alinisimulia hayo huku tukimenya viazi. Hakulia wala nini. Alisema tu, "Nilikwangua vizuri sana. Huwezi kujua palikuwa na kitu."

Baadaye alisoma uchoraji madarasa ya jioni, akafanya maonyesho mara moja tu katika ukumbi wa mji wao. Wiki mbili mvua ikanyesha. Walikuja watu kumi na mmoja, na wawili kati yao walikuwa wanatafuta choo. Akaolewa na Vicent, fundi wa plasta. Miaka kumi na tisa iliyopita Vicent akapata kazi Doha, naye akamfuata. Hapa ndipo alipochora zaidi maishani: kuta za mikahawa na hoteli, farasi, mitende, bahari yenye mashua. Chini liliandikwa jina la kampuni, si lake. Halafu mkahawa unafungwa, mpangaji mpya anaingia, anapaka rangi nyeupe. Vicent alipofariki, binti alikuwa ameshaanza kazi hapa, basi mama akabaki naye.

"Milka," aliniambia, "kazi zangu zote ziko chini ya rangi ya watu wengine."

Maneno hayo yalinikaa moyoni. Mkataba wa Madam Amparo ulikuwa unaisha mwezi wa sita, na wangerudi kwao moja kwa moja. Daktari naye alikuwa amesema lile doa litazidi kukua. Nikaona muda wa mama huyu unakatwa pande zote mbili kama kitambaa.

Kila Ijumaa, Madam akiwa nyumbani, mimi huenda ibada Mesaimeer. Baada ya ibada sisi wa Afrika Mashariki tuna chumba cha chai nyuma ya ukumbi. Mwenyekiti wa chai ni Mutai, askari wa lango la jengo moja la ofisi, mtu wa Kericho, mnene, mcheshi. Chumba kile kina ukuta mrefu usio na kitu isipokuwa alama za migongo yetu. Nikamwambia Mutai kuna mchoraji nyumbani kwangu anayetafuta ukuta.

"Anatafuta ukuta? Doha hii yote ni kuta, Mama Chelsea," akasema. Chelsea ni binti yangu aliye Molo. "Na anachora nini? Asituchoree ngamia. Ngamia nimetosheka."

Lakini alikwenda kwa viongozi, na wiki iliyofuata wakakubali. Nilirudi na hiyo habari nusura nivuke barabara bila kutazama. Mama Encarna aliisikia, akaangalia sikio langu.

"Na jina?" akauliza.

"Jina gani, Mama?"

"Langu. Nitaruhusiwa kuliandika?"

Nikampigia Mutai simu palepale. Mutai akasema, "Kama yeye ndiye anachora, aandike la nani? Langu?" Nilipomtafsiria, alifunika mdomo kwa ile mikono yake mikubwa.

Akaniambia mchoro uko tayari. Aliuandaa miaka sita nyuma, macho yakiwa mazima, kwa ajili ya mkahawa uliofungwa kabla hajaanza. Ni wanawake wanachuma machungwa, na katikati, juu ya ngazi, yuko mama yake. Hakuwa na picha ya mama yake hata moja. Alimchora kwa kukumbuka, akafuta, akachora, akafuta. "Mara ile moja nilimpata," akasema. "Pua, kila kitu. Kwa macho haya ya sasa siwezi tena. Lakini si neno, yupo kwenye karatasi."

Mimi nilifikiri anasema vile vitabu vyake vya michoro vilivyo rafuni, vyenye rangi. Sikuuliza. Hapo ndipo kosa langu lilipoanzia.

Jumatatu Madam Amparo alianza kufunga mizigo mapema, kama watu wenye mpangilio wanavyofanya. Akaniambia, "Milka, safisha stoo. Kilichooza au kuliwa na wadudu, tupa. Kuna wale wadudu wa rangi ya fedha wanaokula karatasi." Ni kweli walikuwepo, nilikuwa nimewaua wengi kwa kandambili. Nyuma ya katoni ya kipoza maji nikakuta karatasi saba ndefu zimeviringishwa. Nikakunjua moja. Hakuna mchoro, hakuna mstari. Ni vitobo tu, vidogovidogo, maelfu, vimefuatana kama njia ya siafu, na vumbi jeusi likamwagika kwenye miguu yangu. Nikaiinua dirishani, mwanga ukapita kotekote. Kwetu niliwahi kukuta cheti changu cha ubatizo kimefanywa hivyohivyo na mchwa. Nikasema, maskini, wameimaliza. Nikazitia zote saba kwenye mifuko ya plastiki na kuzifunga vizuri wadudu wasitawanyike, nikapeleka kwenye pipa kubwa la nje. Kule stoo, pembeni ya karatasi, palikuwa pia na soksi kuukuu imefungwa fundo, nyeusi tititi. Hiyo nikaona bado ina uzima, nikaifua.

Nilimshukuru Mungu kwa stoo iliyotakata.

Kesho yake saa nne asubuhi, Mama Encarna akakunja mikono ya shati.

"Milka, niletee soksi yangu."

"Soksi gani, Mama?"

"Ile nyeusi, imefungwa kama kitunguu."

"Ah, ile! Nimeifua, Mama. Ilinitoa jasho, maji matatu. Sasa ni nyeupe."

"Umeifua." Akaanza kucheka, akashika meza. "Soksi ya Vicent. Miaka kumi na saba ina makaa ndani, wewe umeifua! Haya, makaa tutasaga mengine. Lete karatasi basi."

"Karatasi zipi?"

"Ziko stoo, nyuma ya katoni. Saba. Zenye vitobo."

Niliacha kufuta vyombo. Nikasimama na kile kitambaa cha vyombo mkononi. Nikasema, "Mama, zile si zimeliwa na wadudu?"

Hakunipigia kelele. Ingekuwa afadhali. Aliangalia sikio langu muda mrefu, kisha sikio la pili, kama anayechunguza iwapo ninatania.

"Zote saba?"

"Zote saba, Mama."

Nikatoka mbio bila kuvaa viatu vya nje. Gari la taka lilikuwa limepita alfajiri, pipa limeshaoshwa, linanuka dawa. Niliporudi, mlango wa chumba chake ulikuwa umefungwa.

Jioni Madam Amparo alinieleza. Wachoraji wa vigae hawachori juu ya kitu moja kwa moja. Wanachora kwenye karatasi, wanaweka nyingine safi chini yake, wanatoboa mistari yote kwa sindano. Ile ya chini ndiyo inayobandikwa ukutani, inapigwapigwa kwa soksi yenye unga wa makaa, na ukiiondoa unakuta picha imebaki kwa nukta. Ule mchoro wa penseli mama yake alimwachia mwenye mkahawa, na huyo mtu alishahama nchi. "Nilikuambia utupe kilicholiwa," akasema Madam, macho yamemjaa. "Ni mimi pia." Lakini si yeye aliyebeba ile mifuko.

Siku mbili Mama Encarna alikula supu tu, na kidogo. Nilijua anacholilia. Ukuta ulikuwa bado upo na jina lilikuwa limeruhusiwa, lakini hakuwa na cha kuweka juu ya jina hilo. Na mama yake alikuwa amekwenda na takataka. Nilifunga Alhamisi nzima, nikamwambia Mungu sina la kujitetea.

Ijumaa asubuhi, badala ya kwenda ibada, niligonga mlango wake. Nilikuwa nimebeba kitambaa cha meza nilichokidarizi mwenyewe, waridi na majani, chenye mishono midogo mpaka watu huuliza ni mashine. Nikamwekea mapajani. Akakipapasa, upande wa juu, kisha akakigeuza mgongo, kama fundi anavyokagua kazi ya fundi mwenzake.

"Nani ameshona?"

"Mimi. Nimedarizia maharusi wa Molo zaidi ya miaka ishirini. Sindano ninaijua, Mama. Wewe chora, mimi nitoboe."

"Nichore kwa macho gani?"

"Hayo ya pembeni."

"Mistari yangu sasa ni minene kama kamba ya ng'ombe."

"Ukuta nao ni mrefu, Mama. Kamba itatosha."

Akakikunja kile kitambaa. Kisha akasema kwa sauti ya chini, "Mama yangu siwezi kumrudisha, unajua."

"Ninajua. Nisamehe."

Akaushika mkono wangu, akagusa ncha za vidole mahali ambapo sindano imefanya sugu. Hakusema amenisamehe. Alisema, "Nitafutie viatu."

Tukaenda Mesaimeer, Madam Amparo akiendesha, tukafika ibada imekwisha na chai ndiyo inaanza. Mama Encarna akakaa kwenye kona, karatasi za kufungia mizigo mbele yake mezani, kipande cha makaa kimefungwa kwenye fimbo ili achore kwa bega zima, si kwa vidole. Hakuchora machungwa. Alichora kilichokuwa mbele yake: watu wanaomimina chai, anayefuta meza, anayemegea mwenzake andazi, mlinzi mwingine amelala ameketi na kofia magotini. Aligeuza kichwa huku na huku kama kuku, akitafuta kuwaona kwa pembeni.

"Mwambie anipunguze tumbo," akasema Mutai.

"Karatasi haitoshi kupunguza," akajibu Cheryl, nesi wa Kisumu ambaye ulimi wake haulali. "Atafute karatasi nyingine aongeze."

"Wewe Cheryl, nitakunyima sukari."

"Ninyime, mwenyekiti. Tutakuchora na sukari umeikumbatia."

Nikatafsiri yote. Mama Encarna akamchora Mutai na bakuli la sukari kifuani, tumbo lote likiwepo. Chumba kizima kikaja kutazama, Mutai akalalamika mpaka akapiga picha kwa simu yake.

Nyumbani nilitandika blanketi kwenye meza ya kulia, karatasi mbili juu yake, nikatoboa. Sindano niliidunga kwenye kizibo isiniumize. Kila mchana, kazi ikiisha, Mama Encarna aliketi karibu na kusikiliza. "Haraka mno hapo," alikuwa akisema. "Kwenye mkunjo vitobo visogeane. Penye mgongo viachane." Alijua kwa mlio. Nilipotoboa vibaya kidole cha Cheryl alinifanya nirudie karatasi nzima. Sikunung'unika. Usiku nilisali nikiona nukta.

Kuhusu mama yake, alijaribu. Nilimwona mara tatu akianza uso kwenye karatasi ya pembeni, akileta macho kushoto, kulia, na mara tatu akaufuta kwa kiganja mpaka kikawa cheusi. Mara ya nne hakuchora uso. Alichora mwanamke amesimama ametupa mgongo, anainua mkono kufikia birika juu ya kabati, kisigino kimoja kimetoka kwenye kiatu. Akachora kwa haraka, bila kugeuza kichwa kabisa.

"Alisimama hivi," akasema. "Huyo ndiye. Toboa taratibu."

Nilitoboa taratibu kuliko nilivyowahi kutoboa kitu.

Wiki za ukuta zilikuwa tano. Tulipewa ufunguo siku za katikati ya wiki, Madam anatuacha asubuhi na kutuchukua mchana. Mimi nilipanda ngazi kubandika karatasi, nikapigapiga soksi ya Vicent, sasa imerudia weusi wake. Mama Encarna alifuata nukta kwa brashi pana, pua karibu iguse ukuta, mimi nikimwelekeza. "Panda kidogo, Mama. Hapo. Shuka. Umeukosa mkono, rudi." Kuna mahali tulikosea. Mguu wa yule mlinzi anayelala ulitoka mrefu kuliko wa kibinadamu, na Mama Encarna alipoambiwa akasema umekaa zamu ya saa kumi na mbili, acha ujinyooshe. Siku zingine alichoka akaketi chini, akasema picha hii si nzuri kama ile ya machungwa. Sikubishana naye. Mimi ile sikuiona. Niliona vitobo tu.

Mwezi wa tano, Ijumaa ya mwisho, ukabaki kuandika jina. Watu walikuwa wamejaa, vikombe mikononi. Madam Amparo amesimama karibu na mlango. Mama Encarna akachovya brashi, akaenda ukutani, akasimama. Akainua brashi, akaishusha. Akanigeukia.

"Milka, jina huwekwa wapi?"

"Mama, wewe ndiye fundi, unaniuliza mimi?"

"Sijawahi," akasema.

Nikakaribia nimshike kiwiko, nimsaidie kuanza. Akaniondoa mkono kwa upole. "Hili hapana. Hili bila nukta."

Akaanza chini kushoto, chini ya miguu ya Mutai. Herufi ya kwanza, ile aliyoikwangua utotoni, ilikuwa kubwa kama kiganja changu. Zikafuata nyingine, kubwa vilevile, zikipanda na kushuka, moja ikipanda mgongoni mwa mwenzake. ENCARNA. Akasogea, akachovya. RIBELLES. Lilipokwisha lilikuwa limefika chini ya kisigino cha yule mwanamke wa birika, karibu nusu ya ukuta.

Madam Amparo akaja akaninong'oneza, "Milka, ni kubwa sana. Tumwambie? Tunaweza kufuta kabla halijakauka."

Mutai alisikia. Huyu mtu husikia kila kitu.

"Nani afute?" akasema, bakuli la sukari mkononi kama pale ukutani. "Mwache, Madam. Pale karibu na thamosi watu watasoma bila miwani."

Nikamtafsiria Mama Encarna, kuanzia neno la kwanza hadi miwani. Alirudi nyuma hatua tatu, akatafuta jina lake kwa kutazama pembeni, kwanza upande huu, halafu ule. Kisha akaomba kikombe cha chai, akasema kiwe na sukari nyingi, na Cheryl akampa nafasi kwenye benchi linalotazama ukuta.